Anemoni wa Bahari na Muziki Usiobembea

Mtunzi anaposema kwamba anaandika muziki kuhusu anemoni wa bahari, yule mnyama laini anayenata mwambani na kufanana na ua, mara nyingi huwa nimeshajua atakachofanya kabla hajagusa chombo chake. Kinanda kitatiririsha noti ndogondogo, vyombo vya nyuzi vitashikilia noti kadhaa kwa pamoja kwa muda mrefu, filimbi itapita juu yake taratibu, na msikilizaji atabembezwa mpaka asinzie. Muziki wa namna hiyo una uzuri wake, nami nimeusikiliza mara nyingi nikiwa na kazi nyingine mikononi, lakini naona unamhusu zaidi mtu anayemtazama mnyama huyo kupitia kioo kuliko mnyama mwenyewe. Kwa muda sasa nimekuwa nikiandika kipande cha muziki kwa ajili ya kundi dogo la wapigaji, na kadiri ninavyosoma kuhusu anemoni ndivyo ninavyozidi kuamini kwamba kule kuyumbayumba kwa minyiri yake, yaani mikono yake myembamba ya kunasia chakula, ambako ndiko kunakotuvutia sote, ni kazi ya maji. Kazi yake mwenyewe ni nyingine kabisa, na sehemu kubwa ya kazi hiyo ni mdundo.

Mazoea ya kubembea yana historia. Katikati ya karne ya 19 Waingereza walipatwa na wazimu wa kufuga viumbe wa bahari sebuleni. Bustani ya wanyama ya London ilifungua jumba lake la matangi ya kioo mwaka 1853, na mwaka uliofuata mtaalamu wa viumbe Philip Henry Gosse akachapisha kitabu kilicholieneza jina la akwariamu. Baadaye, kati ya 1858 na 1860, akawaandikia anemoni wa Uingereza kitabu kizima chenye picha za rangi. Anemoni walipendwa kwa sababu rahisi: hawahitaji nafasi kubwa, huvumilia njaa, na hawafi upesi kama samaki. Huko Dresden, mwaka 1863, fundi wa kioo Leopold Blaschka alipewa kazi ya kutengeneza anemoni wa kioo kwa ajili ya makumbusho, kwa kuwa anemoni halisi akitiwa katika spiriti hupoteza rangi na umbo na kubaki donge lisilotambulika. Basi haishangazi kwamba mtunzi Mfaransa Camille Saint-Saëns alipoandika mwaka 1886 muziki wake mfupi kuhusu tangi la samaki, alitumia chombo cha kioo pamoja na vinanda viwili vinavyotiririka. Tangu hapo ni vigumu kupata filamu yenye kamera iliyozamishwa baharini bila kusikia kitu kinachofanana na muziki huo. Simlaumu Saint-Saëns hata kidogo, kwani aliandika juu ya tangi na akalipata tangi barabara.

Tumwangalie sasa mwenye mwili. Anemoni ni jamaa wa matumbawe na wa yavuyavu, na spishi zake zinazojulikana zinapita 1,000. Mwili wake ni mfuko uliosimama juu ya kitako kinachonata mwambani, ukiwa na mdomo mmoja juu ambao huingiza chakula na kutoa uchafu, na minyiri iliyouzunguka mdomo huo. Hana mfupa, kinachomsimamisha ni maji aliyoyafungia ndani, ambayo misuli huyasukuma huku na huku, na akitaka kujificha huyamwaga na kujikunja mpaka abaki kama kifundo. Hana ubongo wala sehemu yoyote ya mwili inayotoa amri. Neva zake zimetandazwa mwili mzima kama wavu. Mtu akidondosha kipande kidogo cha nyama juu ya mnyiri mmoja, mnyiri ule hukinasa na kuanza kupinda kuelekea katikati, jirani zake wa kushoto na kulia huinama kusaidia, mdomo huanza kuchongoka kuelekea upande ule, na wakati huohuo minyiri ya upande wa pili huendelea kusimama wazi kana kwamba hakuna lililotokea. Nimelitazama jambo hilo kwa karibu kwenye tangi, uso ukikaribia kugusa kioo, na kilichonishika ni jinsi habari inavyosambaa kidogo kidogo na kwa mwendo usio sawa, ikipungua nguvu kila inapopita.

Mtu aliyechunguza usambaaji huo kwa makini kuliko wote waliomtangulia ni Carl Pantin, mtaalamu wa wanyama wa Cambridge, katika makala alizochapisha mwaka 1935. Alitumia Calliactis parasitica, anemoni anayeishi juu ya magamba ya konokono yanayobebwa na aina fulani ya kaa. Alimpiga kwa mkondo mfupi wa umeme, na mnyama hakufanya kitu. Alipompiga pigo la pili upesi baada ya lile la kwanza, ndani ya sekunde tatu hivi, msuli wa mviringo ulio juu ya kiwiliwili ulijibana. Jambo la kushangaza ni kwamba, umeme ukishafikia kiwango cha kuamsha neva, kuuongeza nguvu hakukuongeza ukubwa wa jibu. Kilicholikuza jibu kilikuwa muda kati ya pigo na pigo: ukifupishwa, msuli hujibana zaidi; ukirefushwa kupita kiasi, pigo la pili linakuwa kama la kwanza, na mnyama anakaa kimya. Pigo la kwanza linaiandaa njia, la pili linapita. Kwa maneno ya mwanamuziki, anemoni hajali sauti ni kubwa au ndogo, anajali nafasi kati ya noti.

Niliposoma hayo niliyatupa kurasa kadhaa niliyokuwa nimeyaandika, ambayo kusema kweli yalikuwa ni kubembea kulekule, nikaweka kanuni moja juu ya kipande kizima. Mpigaji wa ngoma anapiga wakati wowote atakao. Wapigaji wengine hawaruhusiwi kuijibu ngoma mpaka yasikike mapigo mawili ndani ya sekunde tatu, na urefu wa jibu lao unategemea ukaribu wa mapigo hayo, hautegemei ukubwa wake. Ikiandikwa kwenye karatasi ni kanuni nyepesi. Katika mazoezi ilikuwa ngumu ajabu, kwa maana mwili wa binadamu unataka kushtukia pigo kubwa: mpigaji wa ngoma akipiga kwa nguvu mara moja, mikono ya wenzake inaondoka yenyewe kwenye magoti, akigusa ngozi kwa ncha za vidole mara mbili za haraka, wanachelewa kwa sababu masikio yao yalikuwa yanasubiri kitu kikubwa zaidi. Ilibidi tufanye mazoezi ya kutojibu kabla ya kufanya mazoezi ya kujibu.

Kuhusu mwendo wa jumla, nimesaidiwa na kazi nyingine ya Pantin, aliyoifanya pamoja na Elizabeth Batham na kuichapisha mwaka 1950. Walimchukua Metridium senile, anemoni mkubwa wa bahari za baridi mwenye minyiri mingi myembamba, wakamwacha bila kumgusa, bila kumlisha, bila kumbadilishia mwanga, na wakarekodi miondoko yake kwa uzi uliofungwa kwenye wenzo unaochora mstari juu ya pipa linalozunguka polepole lililopakwa masizi. Kwa macho alionekana ametulia tuli. Mstari ulionyesha kwamba hakutulia kamwe: alirefuka, akafupika, akajibana upande mmoja kisha mwingine, wimbi la kujikamua likapita mwilini mwake, na yote hayo yalirudi kwa mpangilio uliotoka ndani yake mwenyewe, si kwa sababu ya kitu kilichomgusa. Tunamwona ametulia kwa kuwa noti zake zinatenganishwa na dakika kadhaa, ilhali sisi tunahesabu kwa sekunde. Baadaye, mwaka 1969, Ian McFarlane alionyesha kwamba Calliactis ana, pamoja na ule wavu wa neva wa haraka, njia nyingine mbili za kupitishia ishara ambazo ni za pole zaidi. Mnyama asiye na ubongo, basi, anaendesha miendo mitatu kwa pamoja mwilini mwake. Mimi niliyezoea kuona wapigaji wazima wakipotea wanapotakiwa kushika miwili, sina budi kumheshimu.

Mwendo huo wa polepole huendana na umri mrefu pia. Mwaka 1828 Sir John Dalyell, mtaalamu wa viumbe wa Scotland, alimchukua anemoni mmoja kutoka kwenye miamba ya North Berwick, Scotland, akamweka katika chupa ya maji ya bahari. Dalyell alifariki mwaka 1851. Anemoni, ambaye watu walimpa jina la Granny, alipokezwa kutoka mlezi mmoja hadi mwingine, akazaa mamia ya watoto, na akafa mwaka 1887, yaani mwaka mmoja baada ya Saint-Saëns kuandika muziki wake wa tangi.

Sasa, mtu asije akadhani kwamba kila kitu ndani ya mnyama huyu ni cha polepole, kwa kuwa ndipo wengi tunapokosea upande wa pili. Minyiri imejaa seli zenye vidonge vidogo mno, na ndani ya kila kidonge kuna uzi uliokunjwa chini ya shinikizo kubwa. Kidonge kikifyatuka, uzi hupinduka na kutoka nje na kuchoma au kunasa kilichogusa. Kwa Hydra, ndugu yake wa maji matamu, watafiti walipiga picha za mfyatuko huo kwa kamera ya kasi kubwa na kuripoti mwaka 2006 kwamba hatua ya kwanza huchukua takriban nanosekunde 700, yaani chini ya sehemu moja ya milioni ya sekunde. Nililitafsiri hilo kwa hesabu ninayoijua. Rekodi ya kawaida ya kidijitali huchukua sampuli 44,100 za sauti kila sekunde, hivyo sampuli moja ni karibu mikrosekunde 23, yaani sehemu 23 za milioni za sekunde. Katika muda wa sampuli moja, kile kipande kidogo kabisa cha sauti ambacho rekodi inaweza kukishika, kidonge kingeweza kufyatuka zaidi ya mara 30. Hakuna pigo la chombo chochote linalofikia hapo, na nimeacha kujaribu kuliiga. Nilichofanya ni kuuondoa mwanzo wa noti: mahali ambapo mfyatuko ungetokea, rekodi inayochezwa pamoja na wapigaji inakatwa ghafla, na sikio linagundua kwamba kitu kimetokea baada ya kuwa kimeshapita.

Vita vya anemoni ndiyo sehemu iliyonipa umbo la katikati ya kipande. Kwenye miamba ya pwani ya magharibi ya Amerika Kaskazini anaishi Anthopleura elegantissima, ambaye huzaliana kwa kujipasua vipande viwili, hata mwamba mzima ukafunikwa na maelfu ya anemoni ambao kwa asili ni mmoja. Lisbeth Francis alieleza mwaka 1973 kinachotokea makundi mawili yasiyo ya asili moja yanapokutana. Wale wa mpakani huvimbisha vifuko vyeupe vilivyo chini ya minyiri, hujirefusha na kumwinamia jirani, na kumbandika vifuko hivyo. Ngozi ya kifuko hung'oka na kubaki imegandamana na mwili wa adui, ikiendelea kumchoma. Aliyepigwa hurudi nyuma, au hufa. Baada ya muda kati ya makundi hayo hubaki ukanda mtupu wa mwamba usiokaliwa na yeyote, na mtu akipita wakati maji yamekupwa anaweza kuufuata ukanda huo kwa kidole. Wale wa ndani ya kundi huendelea kuzaa na kula. Wa mpakani huwa na vifuko vingi na vikubwa zaidi vya vita.

Nimegawa wapigaji pande mbili za jukwaa, kila upande ukiwa na mstari wake wa lahani unaojirudia kwa kujigawa, na pale mistari inapokaribiana kwa sauti, wapigaji wawili wa ndani kabisa, mmoja kila upande, wanasukumana mpaka mmoja anyamaze. Nafasi ya sauti iliyoachwa wazi kati yao, noti tano za kinanda, haiguswi tena mpaka mwisho. Sina hakika kama hadhira itaitambua. Wapigaji wanaitambua sana, kwa kuwa vidole vyao vinaitamani.

Jambo la samaki nililipinga kwa muda mrefu, kwa kuwa kila mtu anawajua wale wadogo wa rangi ya machungwa wenye mistari myeupe, wa jenasi ya Amphiprion, na nilihofia kwamba wakishaingia watachukua kipande chote. Lakini samaki hao wana sauti, nami ni mtunzi. Mwaka 2007 Eric Parmentier na wenzake walieleza jinsi Amphiprion clarkii anavyogonga: huinua kichwa, na kano fulani humfunga taya kwa kasi hata meno yakagongana, na mgongano huo ndio unaosikika, mara nyingi kwa mfululizo wa mapigo mafupi ya kuwatisha wenziwe. Samaki mdogo hutoa sauti nyembamba, mkubwa nzito. Ukikumbuka kwamba ndani ya anemoni mmoja hukaa kundi lenye vyeo vinavyofuata ukubwa wa mwili, jike akiwa mkubwa kuliko wote, dume lake akimfuata, na wadogo wasiozaa chini yao, utaona kwamba uzito wa sauti hutangaza cheo. Jike akifa, dume hugeuka kuwa jike, na mkubwa wa wale wadogo hushika nafasi ya dume. Na katika bahari ya Karibi, chini ya anemoni aitwaye Bartholomea annulata, hukaa kamba mdogo, Alpheus armatus, mwenye gando kubwa la kufyatua: gando likifunga, maji huruka kwa kasi na kuacha kiputo, na kiputo kinapoporomoka ndipo mlio unapotoka. Kwa hiyo bustani ile tunayoichorea muziki wa usingizi ni mahali pa kugongana meno na milio mikali. Nimewapa kazi hiyo wapigaji wawili wa vibao vya mbao, mmoja mwenye vibao vya sauti nzito na mwingine vya sauti nyembamba, nikawakataza kabisa kushika mdundo wa ngoma.

Je, anemoni mwenyewe anasikia chochote? Hana sikio, lakini juu ya minyiri yake kuna vifungu vya vinyweleo vinavyohisi mtikisiko wa maji, na vinafanana kwa namna ya kutia wasiwasi na vile vilivyo ndani ya sikio letu, ambavyo kwa kupinda kwake hugeuza mtetemo kuwa ishara ya neva. Glen Watson na David Hessinger walichapisha mwaka 1989 jambo ambalo nililisoma mara mbili kabla ya kuliamini. Vifungu hivyo huamua lini vidonge vifyatuke, na kila kimoja huitikia mitetemo ya kasi fulani kuliko mingine. Mnyama mdogo anapokaribia, baadhi ya sukari zilizo katika ute wake huonjwa na seli za jirani. Seli hizo hukirefusha kifungu, na kifungu kilichorefuka huitikia mitetemo ya pole zaidi, inayolingana na ile ya windo linaloogelea. Anemoni akishaonja chakula majini, analegeza nyuzi zake mpaka zilingane na mwendo wa kinachokuja. Windo likijeruhiwa na kuvuja, kemikali nyingine huvirudisha vifungu katika ufupi wake.

Wataalamu bado wanajadili kama vinyweleo vile na vyetu vina babu mmoja au vilifanana kwa sababu ya kazi. Mwaka 2021 maabara ya Nagayasu Nakanishi, katika Chuo Kikuu cha Arkansas, ilionyesha kwamba anemoni mdogo Nematostella vectensis akikosa jeni iitwayo pou-iv hashtuki akiguswa minyiri, kwani seli hizo hazikomai inavyotakiwa. Jeni ya jamii hiyohiyo ikiharibika kwa binadamu huleta uziwi unaozidi kadiri umri unavyokwenda. Kundi la Watson nalo liliripoti mwaka 2016 kwamba protini ambazo anemoni huzitumia kukarabati vinyweleo vyake zilisaidia kurekebisha vinyweleo vilivyoharibiwa vya sikio la panya, vikiwa maabara. Sisi tunaopiga muziki kwa sauti kubwa tuna sababu ya kulifuatilia hilo, kwani seli zetu zikifa hazioti nyingine mahali pake.

Kulegeza nyuzi wakati muziki unaendelea ndiko kunakochukua dakika za mwisho za kipande changu. Viola na besi zinaanza zikiwa zimekazwa kama kawaida. Kila mara filimbi inapotoa sauti fulani ya pumzi, ambayo ndiyo ladha ya windo, wapigaji hao wawili wanazungusha vigingi kidogo huku upinde ukiwa bado juu ya uzi, na lahani ileile inashuka nao. Viola inavumilia vizuri. Uzi mnene wa besi ukishalegezwa sana hupoteza noti na kubaki na mngurumo wa kugonga ubao, na mpigaji wake anataka tusimame kabla ya kufika hapo. Mimi nataka tupite, kwa sababu hapo mitetemo imekuwa ya pole kiasi kwamba sikio linaanza kuihesabu mmoja mmoja, na mapigo yakihesabika, kanuni ya sekunde tatu inarudi kufanya kazi na ngoma inaweza kujibiwa tena. Tumekubaliana kwamba atanunua uzi mzito zaidi, na gharama ni yangu.